Kutoka Ergotinini hadi Ergometrini: Historia ya Istilahi za Alkaloidi za Ergoti na Funzo Lake kwa Afrika Mashariki

Ikisiri

Makala hii inafuatilia namna istilahi za alkaloidi za ergoti zilivyoundwa, kubadilishwa na kuachwa tangu 1875 hadi leo. Hoja yake ni kwamba jina la kikemia hubeba ndani yake nafaka iliyochunguzwa, maabara iliyochunguza na dhana iliyotawala wakati huo. Kwa hiyo, istilahi inayochukuliwa kutoka kwingine bila kujua historia yake huweza kuacha nje sumu iliyomo katika nafaka za hapa.

1.0 Utangulizi

Mwaka 1935 dutu moja ilipewa majina manne. London iliitwa ergometrini, Basel ikaitwa ergobasini, Chicago ikaitwa ergotosini, na Baltimore ikaitwa ergostetrini. Miaka 29 kabla ya hapo lilikuwa limetokea jambo kinyume chake: jina moja, ergotoksini, lilipewa kitu ambacho baadaye kilithibitika kuwa mchanganyiko wa dutu tatu. Matukio haya mawili yanaonesha kwamba uhusiano kati ya jina na kitu, hata katika kemia, haujengwi kwa siku moja.

Suala hili si la wanakemia pekee. Ergometrini hutumika kuzuia na kutibu uvujaji wa damu baada ya kujifungua. Ergotamini hutumika kutibu kipandauso. Dutu zote mbili, pamoja na asidi ya lisejiki, zimo katika Jedwali la Kwanza la Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa 1988 kama kemikali bashirifu. Aidha, alkaloidi za ergoti ni sumu katika chakula. Neno moja, basi, husomwa na mkunga, afisa forodha na mkaguzi wa nafaka, na kila mmoja hulitumia kwa kusudi lake.

2.0 Jina kabla ya kemia

Ergoti ni zao la kuvu wa jenasi Claviceps. Kuvu huyu huvamia ua la nafaka na kuweka mahali pa punje kijiti kigumu cheusi au cha zambarau. Wafaransa waliona katika kijiti hicho kipi cha jogoo, na neno lao lenye maana hiyo ndilo lililozaa ergoti. Wajerumani walikiita nafaka ya mama kwa sababu ya uhusiano wake na uzazi. Wauza dawa walioandika kwa Kilatini waliiita Secale cornutum, yaani rai yenye pembe. Majina yote matatu yalitokana na kilichoonekana au kilichotendwa. Hakuna lililodai kujua kilichomo ndani.

Adam Lonitzer alieleza matumizi yake kwa wanawake wenye uchungu wa uzazi katika kitabu chake cha mimea cha 1582. Upande wa sumu, Denis Dodart aliiarifu Akademia ya Sayansi ya Ufaransa mwaka 1676 kwamba mkate wa rai yenye ergoti ndio uliosababisha ugonjwa wa viungo kuoza na kukatika. Mwaka 1808 John Stearns wa New York aliitangaza kwa madaktari wenzake kuwa unga wa kuharakisha uzazi. Kufikia 1824 David Hosack alikuwa ameonya kuwa watoto wengi walizaliwa wafu kwa sababu ya unga huo, na akashauri utumike tu kuzuia damu baada ya mtoto kutoka. Jina lililotaja faida lilikuwa limeficha hatari, na gharama yake ililipwa kwa maisha ya watoto. Mwaka 1853 Louis René Tulasne alieleza mzunguko wa maisha ya kuvu huyo, na ergoti ikapata nafasi yake thabiti katika biolojia.

3.0 Ergotinini na ergotoksini

Mwaka 1875 Charles Tanret wa Ufaransa alipata fuwele alizoziita ergotinini. Kiishio chake kilitangaza kuwa hii ni alkaloidi kama mofini na kwinini. Hata hivyo, fuwele hizo hazikuwa na nguvu iliyotarajiwa katika mwili.

Mwaka 1906 George Barger na Francis Carr, waliofanya kazi katika maabara za Wellcome nchini Uingereza, walitenga dutu yenye nguvu na kuiita ergotoksini. Jina hilo liliunganisha ergoti na sumu. Henry Dale aliitumia kuchunguza mishipa na misuli, na uchunguzi huo ukawa hatua muhimu katika historia ya elimu ya utendaji wa dawa. Mwaka 1918 Arthur Stoll wa Sandoz, Basel, alitenga ergotamini, alkaloidi ya kwanza ya ergoti kupatikana ikiwa safi.

Majina haya mawili yalitawala fikra za watafiti. Iliaminiwa kuwa nguvu ya ergoti ni nguvu ya ergotoksini na ergotamini. Kwa kuwa alkaloidi hizo haziyeyuki vizuri katika maji, dawa ya maji ya ergoti iliyotumiwa na madaktari kwa miaka mingi ilionekana kuwa karibu haina kitu. Wataalamu wa maabara waliidharau, ilhali waliozalisha wanawake walishikilia kuwa inafanya kazi.

4.0 Majina manne ya dutu moja

Mwaka 1932 John Chassar Moir alipima mikazo ya mji wa mimba kwa wanawake waliokuwa wamejifungua. Dawa ya maji iliyodharauliwa ilisababisha mikazo ya haraka na yenye nguvu, tofauti na ile ya alkaloidi zilizojulikana. Uzoefu wa wodi ya wazazi ulikuwa sahihi, na kilichokosekana kilikuwa jina. Moir na mwanakemia Harold Dudley walitenga dutu hiyo mwaka 1935 na kuiita ergometrini, wakitumia neno la Kiyunani la mji wa mimba.

Maabara tatu nyingine zilifikia lengo hilohilo mwaka huohuo. Ubishi kuhusu nani amepata nini ulikwisha mwaka 1936, sampuli zilipolinganishwa na watafiti wa pande zote nne wakakubali kuwa dutu ni moja. Hata hivyo, makubaliano juu ya kitu hayakuleta makubaliano juu ya jina. Marekani ilichagua jina la tano, ergonovini, ambalo bado linatumika huko. Shirika la Afya Duniani, katika mfumo wake wa majina ya kimataifa yasiyo ya kibiashara, linatumia ergometrini. Mhudumu wa afya anayesoma kitabu cha Marekani na lebo ya dawa iliyoagizwa kwa jina la kimataifa anakutana na majina mawili ya dawa moja. Kinyume chake, ergometrini na ergotamini zinafanana kwa sauti, ilhali ni dawa mbili tofauti.

5.0 Asidi, kiini na kiishio

Mwaka 1934 Walter Jacobs na Lyman Craig wa Taasisi ya Rockefeller walieleza asidi ya lisejiki, sehemu inayobaki alkaloidi hizi zinapovunjwavunjwa. Hapo ndipo uainishaji ulipohama kutoka athari kwenda muundo. Kiini chenye pete nne kikaitwa ergolini. Ergometrini ni asidi hiyo ikiwa imeunganishwa na kipande kidogo, na ergotamini ni asidi hiyo ikiwa imebeba peptidi. Mwaka 1943 Stoll na Albert Hofmann walionesha kuwa ergotoksini ni mchanganyiko wa ergokristini, ergokornini na ergokriptini. Jina lililokuwa limedumu miaka 37 likapoteza kitu lililodhaniwa kukitaja.

Muundo pia ulieleza fumbo la Tanret. Kila alkaloidi ya asidi ya lisejiki ina pacha wake aliyegeuka katika sehemu moja tu ya kiini. Ergotamini ina ergotaminini, na ergometrini ina ergometrinini. Wenye kiishio kirefu wana nguvu ndogo zaidi, na ergotinini ilikuwa ya upande huo. Mapacha hawa hubadilikana wakati wa kuhifadhi na kupika, kwa hiyo kumpima mmoja na kumwacha mwenziwe ni kupata hesabu pungufu. Kwa mwandishi wa Kiswahili, silabi moja ya ziada inabeba tofauti hiyo yote. Mhariri anayeiona kuwa kosa la kurudia na kuifuta anabadili dutu nzima.

6.0 Kumi na mbili za Ulaya na nafaka za Afrika

Katika sera za chakula, “alkaloidi za ergoti” limekuwa neno la hesabu. Kanuni ya Umoja wa Ulaya ya 2021 inajumlisha alkaloidi 12: ergometrini, ergotamini, ergosini, ergokristini, ergokriptini na ergokornini, pamoja na pacha wa kila moja. Orodha hiyo ina mantiki mahali ilipotungwa. Ndizo alkaloidi kuu za Claviceps purpurea, kuvu wa rai, ngano na shayiri.

Kuvu huyo si mgeni katika ukanda huu. Mwaka 1977 na 1978 watu wa Wollo, Ethiopia, walipatwa na ugonjwa wa viungo kuoza baada ya kula nafaka iliyochanganyika na oti-mwitu zenye ergoti. Mwaka 2001 ugonjwa huo ulijitokeza tena Arsi, nchini humohumo. Kwa matukio ya namna hii, orodha ya 12 inafaa.

Mtama na uwele ni habari nyingine. Ergoti ya mtama barani Afrika husababishwa na Claviceps africana, aliyepewa jina hilo mwaka 1991. Alkaloidi yake kuu ni dihidroergosini, ambayo haimo katika orodha ya 12. Ergoti ya uwele husababishwa na Claviceps fusiformis, aliyeelezwa mwaka 1967 kusini mwa Afrika baada ya nguruwe jike kukaukiwa maziwa. Alkaloidi zake, kama agroklavini, ni za kundi la klavini, na hizo pia hazimo. Uwele wenye ergoti uliwahi kuwasababishia watu wa Rajasthan, India, kichefuchefu, kizunguzungu na usingizi mzito mwaka 1975.

Matokeo yake ni dhahiri. Nchi inayonakili orodha ya Ulaya huweza kupima shehena ya mtama, ikapata jibu kwamba haina alkaloidi za ergoti, na jibu hilo likawa sahihi kwa mujibu wa kanuni lakini si kwa mujibu wa shehena.

7.0 Istilahi za Kiswahili

Yapo mambo matatu ya kuzingatia. Kwanza, majina ya dutu yafuate jina la kimataifa na kutoholewa kwa utaratibu mmoja: -ini kwa alkaloidi yenyewe na -inini kwa pacha wake. Ergonovini iingizwe katika kamusi kama kisawe kinachomrejesha msomaji kwenye ergometrini. Ergotoksini iandikwe kuwa istilahi ya kihistoria.

Pili, jina la ugonjwa shambani litokane na kinachoonekana na mkulima. Kipi cha nafaka ni jina zuri kwa rai na ngano. Katika mtama, kijiti cha kuvu ni kidogo na hufunikwa na makapi, na dalili inayoonekana mapema ni utomvu mtamu unaonata. Mkulima aliyeelekezwa kutafuta kipi hatauona ugonjwa.

Tatu, maandiko ya sheria na viwango yasitumie “alkaloidi za ergoti” bila kutaja ni zipi na za nafaka gani. Yanapolenga kundi lote, neno ergolini linafaa zaidi, kwa kuwa linajumuisha za rai, za mtama na za uwele pamoja.

8.0 Hitimisho

Tanret alikuwa na jina la dutu isiyo na nguvu, na Barger alikuwa na jina moja la dutu tatu. Wazalishaji walikuwa na dawa yenye nguvu isiyo na jina. Katika kila hatua, waliolitegemea jina pekee walichelewa kuona kilichokuwa mbele yao. Mabaraza ya Kiswahili na mashirika ya viwango ya Afrika Mashariki yamekuwa yakifanya kazi katika vyumba tofauti, haya yakiunda maneno na yale yakiweka vipimo. Historia ya ergoti inaonesha kuwa kazi hizo mbili ni moja. Orodha ya alkaloidi za kupimwa katika mtama haina budi kuandikwa na wanaoujua mtama, kwa istilahi zinazoutaja.