Taa ya Ulenge na Watu wa Bara: Tarehe Fupi ya Korogwe, Handeni na Bandari ya Tanga

Korogwe na Handeni hazina pwani. Hata hivyo, anayetaka kuandika tarehe ya wilaya hizi sawasawa hana budi kwenda baharini, hadi kisiwa cha Ulenge, mlangoni mwa ghuba ya Tanga. Hapo Wajerumani walisimamisha mnara wa taa wa kuongozea meli, na kwa miongo mingi mali ya bonde la Ruvu, yaani mto Pangani, imekuwa ikipita mbele yake. Ndiyo maana nasema mnara ule ni urithi wetu sisi wa bara kama ulivyo urithi wa watu wa Tanga.

Zamani mlango wetu ulikuwa Pangani. Misafara ya pembe ilifuata mto, ikapita Korogwe na Mazinde kwa Zumbe (chifu) Semboja, ikaelekea Kilimanjaro na Umasaini. Wazigua nao walipeleka nafaka Saadani, na majahazi yakaivusha hadi Unguja. Lakini mdomo wa mto Pangani una fungu la mchanga, na meli kubwa za moshi haziwezi kuingia. Tanga ina ghuba yenye maji yaliyotulia. Kwa hiyo reli ilianzia Tanga mwaka 1893, ikafika Muheza 1896, Korogwe 1902, Mombo 1905 na Moshi 1911. Pangani ikabaki kando.

Mwaka huohuo wa 1893 Dakta Richard Hindorf aliagiza miche 1,000 ya mkonge kutoka Florida. Iliyofika ikiwa hai ni 62 tu, ikapandwa Kikogwe, karibu na Pangani. Kutokana na miche hiyo mashamba yalienea hadi Hale, Ngombezi na Magunga. Reli ilihitaji shehena, mkonge ulihitaji meli, na meli zilihitaji taa.

Nahodha wa jahazi aliyezaliwa Tanga aliujua mlango ule kwa nyota, kwa upepo wa kusi na kaskazi, na kwa rangi ya maji juu ya matumbawe. Nahodha wa meli iliyotoka Hamburg hakuwa na elimu hiyo. Yeye aliitegemea ramani na mwanga. Kila mnara hupewa mwendo wake wa kumweka, ukaandikwa kwenye vitabu vya mabaharia, ili anayeuona gizani ahesabu sekunde na kutambua yuko wapi. Mwanga hukusanywa na kioo cha pete nyingi, ufundi wa Mfaransa Augustin Fresnel, ili taa ya mafuta yenye utambi ionekane maili nyingi. Kwenye minara ya namna hiyo mlinzi hukata utambi, hufuta masizi kwenye chimni na kung'arisha kioo, kwani doa dogo hupunguza mwanga unaotegemewa na meli nzima.

Baadaye ikaja gesi. Msweden Gustaf Dalén alibuni vali inayoongozwa na mwanga wa jua, inayoizima taa asubuhi na kuiwasha jioni, akatunukiwa Nobel mwaka 1912. Mnara wa Chumbe, Unguja, uliojengwa 1904, uliwekewa taa ya gesi mwaka 1926.

Vita ya Kwanza ya Dunia ilidhihirisha jinsi bandari na bara zilivyofungamana. Tarehe 2 Novemba 1914 manowari ya Kiingereza Fox iliingia Tanga kudai mji usalimu amri. Wanajeshi wapatao 8,000 waliletwa kutoka India, wakateremka karibu na Ras Kasone. Kamanda wa Wajerumani, Lettow-Vorbeck, aliwaleta askari wake kwa treni kutoka Moshi, wakipitia Korogwe, na tarehe 5 Waingereza wakarudi melini wameshindwa. Aprili 1915 meli ya Kijerumani Rubens, iliyojifanya ya Kidenmark, ilijipenyeza hadi ghuba ya Manza, kaskazini ya Tanga, na silaha zake zikaopolewa na kupelekwa bara. Kutoka Mombo hadi Handeni ikatandikwa reli ndogo ya kubebea vifaa vya vita. Hatimaye Tanga ilianguka kwa njia ya nchi kavu: Korogwe na Handeni zilitekwa Juni 1916, Tanga ikafuata Julai.

Chini ya Waingereza mkonge ulitawala. Manamba, yaani vibarua wa mkataba, waliletwa kutoka mbali, wakakata majani tangu alfajiri. Mashine iitwayo korona iliyasaga, singa zikaoshwa, zikaanikwa juani, zikapigwa brashi na kufungwa robota za kilo 250. Robota zilipanda behewa Korogwe, zikashushwa Tanga, zikapakiwa kwenye tishari na kuvutwa hadi melini, kwa kuwa maji ya gatini yalikuwa machache mno kwa meli kubwa. Kuli wa Tanga na manamba wa Korogwe walishika robota ileile bila kuonana. Mwaka 1964 nchi ilizalisha tani zipatazo 230,000. Kisha kamba za plastiki zikaiangusha bei, mashamba mengi yakageuka vichaka, na meli zikapungua.

Sasa mlango umefunguliwa upya. Lango la kuingilia meli limechimbwa hadi kina cha mita 13, na gati sasa lina urefu wa mita 450, ili meli zifunge gatini badala ya kungoja tishari. Bomba la mafuta ghafi kutoka Hoima, lenye kilomita 1,443, linapita Handeni na Korogwe hadi Chongoleani, jirani na Ulenge.

Kwa hiyo nawaomba walimu na halmashauri za wilaya zetu: wapelekeni wanafunzi Tanga waione bandari na waelezwe mnara wa Ulenge ni wa nini. Waliofanya kazi kwenye korona, reli na tishari bado wapo miongoni mwetu. Masimulizi yao yaandikwe sasa, kwa majina ya mashamba na stesheni zao. Minara imeingizwa kwenye vitabu vya mabaharia tangu zamani. Watu waliozipa meli shehena ya kubeba wanastahili kitabu chao.