Rehani ya Nyumba: Historia Yake na Hesabu Yake ya Kweli

Katika kitabu hiki cha ukumbusho wa miaka kumi ya Chama Kikuu chetu, msomaji atakuta habari za kahawa, za maghala, na za wazee waliotutangulia katika ushirika. Makala hii yaeleza jambo lisiloonekana ghalani wala mnadani, ila limo katika mawazo ya wanachama wengi wa milimani na wa pwani ya Ziwa, nalo ni deni la nyumba. Kila msimu wanachama huuliza: Je, haifai mtu akope fedha, ajenge nyumba bora sasa, kisha alipe pole pole kwa miaka mingi? Swali hilo ni jema, na jibu lake lataka historia na hesabu pamoja.

NYUMBA ISIYO NA DENI

Zamani nyumba ya Mmatengo ilijengwa bila deni la fedha. Ardhi ilikuwa ya ukoo, nayo ilikaa katika ntambo, yaani mgongo wa mlima wenye mashamba ya ngolo, makazi na vijito vyake. Miti ilitoka msituni, nyasi zilitoka bondeni, na nguvu zilitoka kwa jirani walioitwa kazini wakakirimiwa chakula na pombe. Kule Liuli, Lituhi na Mbamba Bay, Wanyasa nao walijenga kwa mkono wa ndugu na rafiki. Lakini isidhaniwe kwamba nyumba hizo zilikuwa za bure. Aliyesaidiwa leo alidaiwa jasho lake kesho, na asiyekwenda kwa wenzake hakujiwa na mtu. Tofauti ni kwamba deni la jasho halikuzaa.

Serikali ya Waingereza ilipotunga Sheria ya Ardhi ya mwaka 1923, mashamba ya wenyeji yaliendelea kukaliwa kwa desturi, wala hayakuwa na hati ambayo benki ingeweza kuishika. Mwaka huo huo ilitoka sheria ya kuzuia mikopo kwa Waafrika. Kwa sheria hiyo, mfanyabiashara asiye mwenyeji hakuweza kumshitaki Mwafrika kwa deni, isipokuwa mkopo ule ulikuwa umekubaliwa kwa maandishi na afisa wa Serikali. Waliotetea sheria hiyo walisema yamlinda mkulima asinyang'anywe mali yake. Kweli ilimlinda, lakini pia ilimfungia mlango wa benki.

Ushirika ndio uliofungua dirisha dogo. Mwaka 1936 kilianzishwa Chama Kikuu cha Wangoni na Wamatengo, kilichojulikana kwa jina la NGOMAT, kwa ajili ya kuuza tumbaku. Kahawa nayo ilikuwa imekwisha kuingia Umatengo katika miaka ya 1920. Katika ushirika, dhamana ya mtu haikuwa nyumba wala shamba, bali mazao yake na jina lake katika daftari. Mkopo wa namna hiyo ulikuwa mfupi: ulianza wakati wa mbolea na kwisha wakati wa mauzo. Deni la nyumba ni jambo jingine, maana huvuka misimu kumi, kumi na mitano, au ishirini.

ASILI YA MIKOPO YA NYUMBA

Inafaa wanaushirika wajue kwamba mikopo ya nyumba ilizaliwa katika ushirika. Chama cha kwanza cha kujenga nyumba kinachojulikana kilianzishwa na Richard Ketley katika mji wa Birmingham, Uingereza, mwaka 1775. Wanachama walichanga kila mwezi, na mfuko ulipotosha mmoja alijengewa nyumba, kisha mwingine, mpaka wote wakapata, ndipo chama kikavunjwa. Ulikuwa kama upatu wetu, ila badala ya kupokezana fedha walipokezana paa. Baadaye, katika karne ya 19, vilitokea vyama vya kudumu vilivyopokea akiba za watu wasiohitaji nyumba na kuwakopesha waliohitaji. Mwenye akiba alitaka faida, na mkopaji akatakiwa kuilipa. Hapo ndipo riba ya miaka mingi ilipotia mizizi.

Mtindo huo ulifika Afrika Mashariki kabla ya Uhuru, hasa kwa njia ya chama kilichoitwa First Permanent Building Society, na wateja wake walikuwa watu wa mijini. Baada ya Uhuru, Serikali ilijaribu kuwafikia wananchi wengi zaidi. Mwaka 1962 liliundwa Shirika la Nyumba la Taifa. Mwaka 1972 ilitungwa sheria ya Benki ya Nyumba Tanzania, nayo benki ikaanza kazi mwaka 1973. Mwaka 1974 uliwekwa Mfuko wa Maendeleo ya Nyumba za Wafanyakazi na Wakulima, ili hata mtu wa kijijini apate mkopo wa saruji na bati.

Nia ilikuwa njema, lakini hesabu haikufuata nia. Katika miaka ya 1980 bei za vitu zilipanda kwa kasi, mara nyingine kwa shilingi 30 katika kila mia kwa mwaka mmoja, na fedha iliyorudi benki haikununua tena kile ilichonunua ilipotoka. Tena wakopaji wengi hawakurudisha. Benki ya Nyumba ilifungwa mwaka 1995, na kwa miaka mingi baadaye nchi yetu haikuwa na mlango mpana wa mikopo mirefu ya nyumba. Hapa pana funzo la kwanza: gharama ya mkopo haiwezi kufutwa kwa kuipunguza katika karatasi. Asipoilipa mkopaji, ataibeba mwenye akiba, au mlipa kodi, au mwanachama mwenzake.

Sisi wa Mbinga hatuhitaji kusafiri mbali kujifunza hayo. Serikali ilivunja vyama vikuu mwaka 1976, na sheria ya mwaka 1982 ikavirudisha. Chama Kikuu cha Mbinga, MBICU, kiliwapa wakulima mbolea na dawa kwa mkopo, kikikata deni wakati wa kununua kahawa. Wanunuzi binafsi walipofunguliwa soko katikati ya miaka ya 1990, mkulima aliweza kuchukua pembejeo huku na kuuza kahawa kule. Daftari la madeni likabaki, lakini mazao yaliyokuwa dhamana yakapita njia nyingine, na chama kikaanguka. Mzee aliyeyaona hayo hashangai akisikia kwamba deni la mmoja laweza kuwa msiba wa wote.

Mlango ulifunguliwa tena kwa Sheria ya Mikopo ya Nyumba ya mwaka 2008, na mwaka 2010 ikaanzishwa kampuni ya TMRC, inayoyakopesha mabenki ili nayo yaweze kutoa mikopo mirefu. Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Namba 5 ya mwaka 1999, nayo ilimpa mwanakijiji hati ya hakimiliki ya kimila, ambayo yaweza kuwekwa dhamana. Kwa hiyo leo swali la rehani limefika mpaka mlangoni petu.

HESABU YA KWELI

Katika miaka ya karibuni riba ya mikopo ya nyumba nchini mara nyingi imekuwa kati ya asilimia 15 na 19 kwa mwaka. Tuchukue mfano wa shilingi 10,000,000 kwa asilimia 18, riba ikihesabiwa kila mwezi juu ya deni lililobaki, na mkopaji akilipa kiasi kile kile kila mwezi.

Akilipa kwa miaka 10, atatoa shilingi 180,185 kwa mwezi, na jumla yake ni shilingi 21,622,200.

Akilipa kwa miaka 15, atatoa shilingi 161,042 kwa mwezi, na jumla yake ni shilingi 28,987,560.

Akilipa kwa miaka 20, atatoa shilingi 154,331 kwa mwezi, na jumla yake ni shilingi 37,039,440.

Msomaji na atazame vema. Anayetoka miaka 15 kwenda 20 hupata nafuu ya shilingi 6,711 tu kwa mwezi, lakini mwisho atakuwa amelipa zaidi ya shilingi 8,000,000 juu yake. Nafuu ile huonekana kila mwezi, ila hasara imejificha mwisho wa safari.

Twende ndani zaidi. Katika mkopo ule wa miaka 15, mwezi wa kwanza riba peke yake ni shilingi 150,000, na katika shilingi 161,042 zilizolipwa ni shilingi 11,042 tu zinazopunguza deni. Mwaka mzima ukiisha, mkopaji ametoa shilingi 1,932,504, na deni limepungua kwa shilingi 144,000 hivi. Baada ya miaka 5 amekwisha kutoa shilingi 9,662,520, karibu sawa na fedha yote aliyokopa, na bado anadaiwa kama shilingi 8,938,000. Nusu ya deni haiishi mpaka ipite miaka kumi na moja na miezi sita. Ndiyo maana mtu aliyelipa kwa uaminifu miaka mitano hushtuka anapoambiwa salio lake, akidhani karani ameiba. Karani hakuiba, hiyo ndiyo kazi ya riba juu ya deni kubwa.

Hesabu hiyo imewafaa watu wa mshahara. Mkulima wa kahawa hapati mshahara wa mwezi. Hupata fedha mara moja kwa mwaka. Akiacha deni la shilingi 10,000,000 likae miezi 12 bila malipo, kwa riba ile ile litakuwa shilingi 11,956,000 hivi, kabla ya adhabu yo yote ya kuchelewa. Na bei ya kahawa haimwulizi mtu kama ana deni. Mapatano ya mataifa juu ya mgawo wa kahawa yalipovunjika mwaka 1989, bei ilianguka. Na mwaka 2001 kahawa duniani iliuzwa kwa wastani wa chini ya senti 50 za Marekani kwa ratili. Aliyepanga malipo yake kwa bei ya mwaka mwema, mwaka mbaya humkuta mikono mitupu, naye huingia katika magoma, akiuza kahawa ingali mtini. Akichukua nusu ya bei miezi sita kabla ya mavuno, amekopa kwa riba ya shilingi mia kwa kila mia katika nusu mwaka. Hapo rehani ya nyumba imezaa deni la pili, kali kuliko la kwanza.

Yako pia madogo yasiyo madogo: ada ya tathmini, ya wakili, ya kusajili rehani, na bima. Tena hapana budi kuuliza riba ni ya namna gani. Riba ya salio hupungua deni linapopungua. Riba bapa huhesabiwa juu ya fedha yote ya mwanzo hata kama nyingi imekwisha kurudi. Shilingi 1,000,000 kwa asilimia 2 bapa kwa mwezi, kwa miezi 12, hulipwa shilingi 103,333 kila mwezi. Mtu husema ni asilimia 24 kwa mwaka, kumbe kwa riba ya salio ni karibu asilimia 42.

UPANDE WA PILI WA MIZANI

Haki yataka tuseme na mema yake. Mtumishi anayelipa kodi ya pango Mbinga mjini kila mwezi, naye kodi hiyo haimjengei hata tofali moja, huenda mkopo ukamfaa. Shilingi ikipungua nguvu, kipato kikapanda, malipo ya miaka ya mwisho huwa mepesi kuliko ya mwanzo. Na kujenga pole pole bila mkopo kuna gharama yake: tofali zisizoezekwa hunyeshewa na mvua za Umatengo, na bei ya bati haimngoji mtu. Mkopo si adui. Adui ni mkopo usiohesabiwa.

Kwa hiyo, kabla ya kutia sahihi, mwanachama aulize maneno manne. Kwanza, jumla yote nitakayolipa mpaka mwisho ni shilingi ngapi? Pili, jumla hiyo ni kilo ngapi za kahawa, au magunia mangapi ya usipa, kwa bei ya mwaka mbaya? Tatu, naweza kulipa wakati wa mavuno, na kulipa zaidi mwaka ukiwa mwema, bila kutozwa faini? Nne, nikishindwa, au nikifa, nani atatoka katika nyumba hii? Swali hilo la mwisho si la mume peke yake. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 na Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 zataka mwenzi akubali kabla ya nyumba ya ndoa kuwekwa rehani. Na desturi yetu ya sengu, ambapo watu wa ukoo walikula pamoja na kuamua mambo yao, yatufundisha kwamba jambo la nyumba haliamuliwi gizani.

Makarani na wajumbe wa kamati nao wana wajibu wao. Mwanachama akija kuomba barua ya udhamini, asionyeshwe malipo ya mwezi tu. Aandikiwe jumla yote, kwa tarakimu kubwa, naye asomewe ikiwa hajui kusoma. Wazee walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Nasi twaongeza kwamba deni bila daftari hurithiwa bila habari, na warithi wake ni watoto.

Miaka kumi ya Chama chetu imetufundisha kupima kahawa kwa mizani ya haki. Miaka kumi ijayo na itufundishe kulipima deni vivyo hivyo, kabla halijaingia nyumbani.