Kucheka Ulimi wa Jirani: Tashtiti na Idhini Yake katika Kapseret

1. Utangulizi

Imezoeleka katika uhakiki wa fasihi kudaiwa kwamba kila eneo la dunia lina ucheshi wake: Waingereza hupenda kinaya cha chinichini, Wafaransa dhihaka ya wazi, na Waafrika fumbo. Dai hilo lina chembe ya ukweli, lakini huorodhesha ladha za watu bila kuuliza chanzo chake. Makala haya yanashikilia kwamba tofauti kubwa baina ya tashtiti za maeneo mbalimbali imo katika idhini: nani ameruhusiwa kumcheka nani, na ni mila, sheria au sanaa ipi inayomlinda mwenye kucheka na mwenye kuchekwa. Kwa tashtiti hapa inakusudiwa ucheshi wenye shabaha, unaofichua uovu au upumbavu ili ukome. Eneo linalochunguzwa ni Kapseret, kusini mwa mji wa Eldoret, katika Uasin Gishu.

2. Aina tatu za idhini

Katika Athens ya kale, idhini ilitokana na sherehe. Mwaka 424 K.K. Aristophanes alimkejeli Cleon, kiongozi mwenye nguvu wa wakati huo, katika mashindano ya tamthilia yaliyoambatana na ibada ya Dionysus. Karne nyingi baadaye, mashine ya uchapaji na sheria vilichukua nafasi ya sherehe hiyo, ingawa ulinzi wake haukuwa kamili. Jonathan Swift alipochapisha mwaka 1729 pendekezo lake la kejeli kwamba watoto wa maskini wa Ireland wauzwe waliwe, hakuliandika jina lake kwenye kijitabu hicho.

Katika pwani ya Waswahili, idhini ilikaa katika fumbo. Muyaka bin Haji wa Mombasa, aliyefariki yapata mwaka 1840, alitunga katika enzi ya uhasama baina ya mji wake na Lamu, na baina ya Wamazrui na Sayyid Said wa Omani. Fumbo lilimwezesha mshairi kumchoma adui hadharani. Aliyelalamika alikuwa amekiri kwamba yeye ndiye aliyekusudiwa.

Katika Tanzania bara, idhini ilijengwa juu ya utani. Wahehe na Wangoni, waliopigana vita vikali kati ya mwaka 1878 na 1882, walikuja kuwa watani. Mtani aweza kumtukana mwenzake hata msibani, lakini huyo huyo anayetukana ana wajibu wa kusaidia katika mazishi. Hapa kicheko hakitengani na deni: anayemcheka mwenzake leo atachekwa kesho, na wote wawili wanalijua hilo.

3. Kapseret na suala la ulimi

Kapseret haikurithi utani wa namna hiyo baina ya jamii zake zote. Ni ardhi iliyokaliwa na Wakalenjin, ikagawanywa kuwa mashamba ya walowezi katika enzi ya ukoloni, kisha ikavuta wafanyakazi na wanunuzi wa ardhi kutoka sehemu nyingine za Kenya. Katika mtaa wa Langas peke yake, Wakalenjin, Wagikuyu, Waluhya na Waluo huishi ukuta kwa ukuta. Hata jina la mzaha la Eldoret, Sisibo, linatokana na nambari ya Kiingereza ya shamba la 64, jinsi ilivyotamkwa na wenyeji. Mlowezi aliandika nambari, wenyeji wakaifanya neno lao.

Mahali penye lugha nyingi namna hii, kitu cha kwanza kuchekwa ni ulimi. Lugha za Kikalenjin hazitofautishi maana ya maneno kwa /p/ na /b/, wala kwa /k/ na /g/. Kigikuyu hakitofautishi /r/ na /l/. Dholuo haina sauti ya /sh/. Mzungumzaji anapoingia katika Kiswahili na tabia hizi, wachekeshaji wa redio, televisheni na jukwaani hupata malighafi isiyokwisha.

Hapa ndipo ugumu wa kihakiki unapojitokeza. Baada ya mfumo wa vyama vingi kurejeshwa Desemba 1991, idhini ya kumcheka mtawala ilipanuka nchini Kenya. Mwishoni mwa miaka ya 1990 kundi la Redykyulass lilimwigiza Rais Daniel arap Moi, sauti na lafudhi yake. Katika ukumbi wa Nairobi, tendo hilo lilikuwa ushujaa, hasa ikikumbukwa kwamba Wahome Mutahi, mwandishi wa safu ya Whispers, alitiwa kizuizini mwaka 1986. Lakini lafudhi iliyochekwa haikuwa mali ya Moi peke yake. Ilikuwa pia ya mkulima wa Ngeria na ya mwalimu wa Kipkenyo, ambao hawakuwa na mamlaka yoyote ya kufichuliwa. Kejeli ile ile iliyopanda juu hadi Ikulu iliweza, ikisikilizwa Kapseret, kuenda kando na kumwangukia jirani. Matini haikubadilika, kilichobadilika ni mahali iliposikilizwa.

4. Njia mbili za kisanaa

Tatizo hili lilikuwa limekwisha kupatiwa jibu katika fasihi. Katika tamthilia ya Francis Imbuga, Betrayal in the City, iliyochapishwa mwaka 1976, askari Mulili, binamu wa mtawala, huchekesha kwa Kiingereza chake kibovu. Hata hivyo nchi ya Kafira ni ya kubuni, na kwa hiyo ulimi wa Mulili haumfungamanishi na kabila lolote linalojulikana. Hadhira huucheka ulevi wa madaraka uliovaa lugha usiyoimudu. Kafira ilimkinga Imbuga dhidi ya serikali. Aidha, iliikinga hadhira dhidi yake yenyewe.

Njia ya pili ni ya vikaragosi. Kipindi cha XYZ Show, kilichoanza mwaka 2009 kwa uongozi wa mchoraji Gado, kilifuata mfano wa Les Guignols de l'info cha Ufaransa, kilichoanza mwaka 1988, baada ya Spitting Image cha Uingereza cha mwaka 1984. Umbo lilisafiri bila taabu. Idhini haikusafiri nalo. Mwanasiasa wa Paris anapochekwa, si rahisi jimbo zima kujiona limetukanwa. Nchini Kenya, penye siasa zilizopangwa kwa makabila, kikaragosi kimoja huweza kuchukuliwa kuwa sura ya jamii nzima.

5. Fumbo lilipogeuka

Uzito wa suala hili ulidhihirika kwa ukatili. Katika ghasia zilizofuata uchaguzi wa Desemba 2007, kanisa la Kiambaa, karibu na Eldoret, lilichomwa tarehe 1 Januari 2008 likiwa na watu waliokimbilia humo. Katika siasa za Bonde la Ufa neno madoadoa lilikuwa limetumika kuwataja walioonekana kuwa wageni, kana kwamba ni uchafu wa kufuliwa. Mwaka 2022 Tume ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa ililiweka neno hilo katika orodha ya maneno ya chuki.

Kwa muundo, madoadoa ni fumbo kama mafumbo ya Muyaka: hutaja bila kutaja. Lakini Muyaka alilielekeza fumbo kwa mwenye nguvu na mwenye uwezo wa kujibu. Madoadoa huelekezwa kwa jirani asiye na pa kujibia. Mbinu ni moja, idhini haipo.

6. Hitimisho

Kwa hiyo mhakiki anayelinganisha ucheshi wa maeneo hana budi kuanza na swali la nani ana haki ya kujibu. Mtani anayo, kwa mila. Adui wa Muyaka alikuwa nayo, kwa ushairi. Mtawala anayo, kwa sababu ana dola. Mkaazi wa Langas anayechekwa kwa lafudhi yake hupewa haki hiyo pale tu ambapo yeye naye ameruhusiwa kuucheka ulimi wa anayemcheka. Hapo ndipo utani mpya ungeweza kuzaliwa Kapseret, kama ulivyozaliwa baina ya Wahehe na Wangoni baada ya vita vyao.