Sanamu Ambayo Garissa Haina

Juni 2020, waandamanaji wa Bristol, Uingereza, waliiangusha sanamu ya Edward Colston wakaitosa bandarini. Colston alikuwa kigogo wa kampuni iliyosafirisha watumwa kutoka Afrika, na baadaye akawa mbunge wa Bristol. Tulitazama video ile tukashangilia. Ati Wazungu ndio walikuwa hivyo!

Haya, tugeuze shingo tutazame kwetu.

Karne ya 19, pwani hii ilitawaliwa kutoka Unguja. Seyyid Said alikuwa sultani, lakini pia alikuwa mfanyabiashara. Mashamba yake ya karafuu yalilimwa na watumwa, na forodha yake ilitoza ushuru kwa kila mtumwa aliyepita. Mtawala na mteja walikuwa mtu mmoja. Baadaye Tippu Tip, tajiri wa pembe na watumwa, aliteuliwa mwaka 1887 kuwa wali wa Stanley Falls, Kongo. Nani alimteua? Mfalme Leopold wa Ubelgiji, yuleyule aliyejigamba kwamba anapigana na utumwa.

Sasa Garissa inaingia wapi?

Zama hizohizo za Said, Wazigua waliokumbwa na njaa huko Tanzania ya leo walipakiwa majahazini wakauzwa pwani ya Somalia. Waliotoroka walijificha kwenye misitu ya mto Juba, mahali palipoitwa Gosha. Huko Nassib Bunda, mtumwa aliyetoroka, alikuja kuwa kiongozi wao mkubwa. Yeye naye alishika madaraka, ila kwa njia tofauti kabisa.

Somalia ilipoporomoka mwaka 1991, vitukuu vyao walikimbilia kambi za Dadaab: Ifo, Dagahaley, Hagadera. Wengine walifika wakiwa bado wanaongea Kizigua, lugha ya Handeni, zaidi ya miaka 150 baada ya mababu kuuzwa. Baadhi walirudi Handeni, wakapewa makao Chogo na hatimaye uraia wa Tanzania. Maelfu wengine walipelekwa Marekani.

Lakini kuna kitu hakikuhama. Neno "adoon", yaani mtumwa, bado linatumika kumtukana mtu mwenye nywele ngumu, hata kama babu yake alijikomboa zamani. Wenye vyeo walikufa wakiitwa waheshimiwa, na waliouzwa wakaachiwa aibu isiyo yao.

Sanamu ya kuangusha hatuna. Neno hilo tunalo, na ukilisikia mtaani, usicheke.