Kifungo cha Dawa

Mama anayeshuka feri ya Luanda Kotieno kuja kumwona mwanawe aliyelazwa upande wa Mbita hukutana na lugha tatu. Faili ni la Kiingereza. Nyumbani ni Dholuo. Katikati, muuguzi asiye wa huku anapomweleza hali, ni Kiswahili, nacho kina neno lake tayari: "Tumemtuliza, mama." Kijana amekaa ukingoni mwa kitanda, mate yanamchuruzika, ulimi mzito. Kutulia ametulia. Ila neno hilo ni la upole mno kiasi kwamba mama haoni pa kuulizia: ametulizwa kwa faida ya nani?

Jambo lenyewe lina istilahi yake ya Kiingereza katika sheria na tiba, *chemical restraint*: kumpa mtu dawa si kwa ajili ya ugonjwa wake, bali kumwadhibu au kuwapunguzia kazi wanaomtunza. Vigezo hivyo viwili, adhabu na urahisi, vimo katika sheria ya Marekani ya mwaka 1987 kuhusu nyumba za kutunzia wazee, na sijaona vilivyo bora. Havimtii hatiani mfamasia. Klopromazini, iliyoanza kutumika kwa wagonjwa wa akili jijini Paris mwaka 1952, na haloperidoli iliyobuniwa Ubelgiji mwaka 1958, zimewatoa wengi wodini wakarudi kwao. Lakini dawa za jamii hiyohiyo zilipochunguzwa Uingereza mwaka 2009, ripoti iliyoandikwa kwa ajili ya serikali ilikadiria kwamba watu 180,000 wenye demensia walikuwa wakipewa kila mwaka, na walionufaika ni kama 36,000 tu.

Kuna mtego ambao kila mwenye ndugu wodini angepaswa kuujua. Dawa hizi zinaweza kumletea mtu hali ya kutotulia miguuni: hakai, halali, anazunguka kitanda usiku kucha. Asiyeifahamu hali hiyo anasema ugonjwa umepanda, anaongeza dozi, na miguu inazidi. Kwenye karatasi ya matibabu nako kuna herufi tatu, PRN, kifupi cha Kilatini chenye maana ya "panapohitajika". Zamu ya usiku ikiwa na muuguzi mmoja kwa wodi nzima, panahitajika mara nyingi sana.

Sasa tuiiteje? "Kizuizi cha kemikali" ni tafsiri ya neno kwa neno na haimwambii mtu kitu. Kizuizi, kwa msafiri wa barabara ya Homa Bay, ni cha polisi. Kemikali ni ya kunyunyizia shamba. "Kufunga kwa dawa" ni Kiswahili safi, tena safi kupita kiasi, maana aliyefungwa kwa dawa anajulikana: karogwa. Dholuo haitusaidii hapo, kwa kuwa *yath* ni mti, ni dawa ya hospitali, na ni ile nyingine pia. Mwambie mama yule kwamba mwanawe kafungwa kwa dawa, ataondoka kumtafuta mganga badala ya metroni. "Pingu za dawa" inapendeza kwenye kichwa cha gazeti, lakini karani gani ataiandika kwenye fomu?

Mimi nashika "kifungo cha dawa". Msikilizaji anakijua kifungo cha nje, cha nyumbani, cha maisha. Hiki atakiweka papo hapo kando ya vingine. Tena kifungo huja na maswali yake: nani kakitoa, kwa kosa gani, cha muda gani, na rufaa inakatwa wapi. Kwa aliyefungwa kwa vidonge, mara nyingi hakuna hata moja lenye jibu.

Kisheria si kwamba tuko uchi. Kifungu cha 29 cha Katiba ya Kenya ya 2010 kinakataza kumtendea mtu yeyote kwa ukatili au kwa namna ya kumdhalilisha, na Sheria ya Afya ya Akili ilirekebishwa mwaka 2022 ikatilia nguvu haki ya mgonjwa kuridhia matibabu. Human Rights Watch ilipotoa mwaka 2020 ripoti yake juu ya watu wenye matatizo ya akili wanaofungwa minyororo, Kenya ilikuwamo. Mnyororo, hata hivyo, hupigwa picha na huacha kovu mguuni. Ukivuliwa na nafasi yake ikachukuliwa na sindano ya kila mwezi isiyo na maelezo, mgeni akija atasifu usafi wa wodi.

Je, istilahi hii iwafikie watoto? Naona iwafikie. Piritoni, dawa ya mzio, inajulikana na kila mzazi Kenya kwa usingizi wake, na mlezi anayeitia kwenye uji ili watoto kumi na wawili walale mchana anafanya jambo lilelile, ingawa hakuna wodi wala faili.

Ugumu uko kwenye dharura. Mgonjwa ameshika chupa iliyovunjika saa nane usiku. Sindano moja, sababu ikaandikwa pamoja na saa, pumzi na mapigo ya moyo yakafuatiliwa: hicho sikiiti kifungo. Asubuhi ameamka, anaomba chai, anamtaja mama yake kwa jina, na sindano ya pili inaletwa kwa sababu ya jana. Hicho ndicho.