Dansi, Ngoma na Sheria: Maana ya Katazo la Kucheza katika Marekani ya Awali

Utangulizi

Katika maandishi mengi ya historia ya Marekani, Wapuritani waliohamia New England katika karne ya 17 huelezwa kwa kauli moja fupi: walikataza kucheza. Kauli hiyo ina ukweli ndani yake, lakini haitoshi. Makala haya yanadai kuwa wapinzani wa kucheza hawakukubaliana juu ya kile hasa walichokikataza. Wengine walitazama nia ya mchezaji, wengine mahali, wengine mwenzi, na wengine ngoma yenyewe inayopigwa. Kila mpaka ulipohama, uzito wa katazo ulihamia kwa watu wengine. Suala hili linamhusu mwanahistoria, lakini linamhusu pia mfasiri wa Kiswahili anayelazimika kuchagua kati ya dansi, ngoma na mchezo, pamoja na mshauri wa sera anayeandika vifungu vya sheria kwa kutumia maneno hayo.

Chimbuko la ugomvi

Ugomvi huu ulianzia Uingereza. Mwaka 1618 Mfalme James I alitoa tamko lililoruhusu michezo kadhaa, ikiwemo kucheza, siku ya Jumapili baada ya ibada. Charles I alilitoa upya mwaka 1633 na kuwaamuru makasisi walisome makanisani. Kwa Wapuritani, walioitukuza Jumapili kuwa Sabato, hilo lilikuwa agizo la kuwataka watangaze dhambi mimbarani. Hivyo, wengi waliovuka Atlantiki katika miaka ya 1630 waliliona suala la kucheza kuwa sehemu ya mvutano kati ya dhamiri na taji.

Huko ng'ambo nako katazo halikusimama peke yake. Mwaka 1627 Thomas Morton na wenzake walisimamisha mahali walipopaita Ma-re Mount, karibu na Boston ya leo, mlingoti wa Mei wenye urefu wa futi 80 hivi. Kwa desturi ya Kiingereza, watu huuzunguka mlingoti wa aina hiyo wakicheza. Gavana William Bradford wa Plymouth alimlaumu Morton kwa kucheza pamoja na wanawake wenyeji wa nchi, lakini alimlaumu pia kwa kuwauzia wenyeji bunduki. Mwaka 1628 Morton alikamatwa na kurudishwa Uingereza, na John Endecott akaamuru mlingoti ukatwe. Katika shauri hilo ni vigumu kutenganisha hofu ya dhambi na hofu ya silaha.

Aya moja, tafsiri mbili

Tofauti za wapinzani huonekana wazi zaidi ndani ya ukoo mmoja. Mwaka 1625 John Cotton, kasisi aliyekuja baadaye kuwa mwalimu mashuhuri wa kanisa la Boston ya Marekani, aliandika barua akieleza msimamo wake. Alisema hawezi kulaani kucheza kwa ujumla, hata wanaume na wanawake wakicheza pamoja. Alitaja Kutoka 15:20, ambapo Miriamu na wanawake wa Israeli wanacheza baada ya kuvuka Bahari ya Shamu. Alichokipinga ni uchezaji wa ashiki, wenye nyimbo za utovu wa adabu, hasa baada ya karamu kubwa. Kipimo chake kilikuwa nia na namna.

Miongo sita baadaye, mkwe wake Increase Mather alichapisha Boston kijitabu An Arrow Against Profane and Promiscuous Dancing, chenye mwaka 1684 katika ukurasa wake wa anwani. Mather naye alimjadili Miriamu, ila kwa hitimisho jingine: Miriamu alicheza na wanawake wenzake, kwa hiyo mfano wake hauwatetei wanaocheza wanaume kwa wanawake. Kivumishi promiscuous katika anwani hiyo kinastahili uangalifu. Msomaji wa leo hukielewa kuwa sifa ya mtu mzinifu, ilhali wakati wa Mather kilimaanisha tu kitu kilichochanganyika. Anayekifasiri kwa maana ya leo anampa Mather ukali ambao neno hilo pekee halikuubeba. Kipimo cha Mather kilikuwa mwenzi.

Kati ya wawili hao ipo sheria. Mwaka 1651 Mahakama Kuu ya Massachusetts, ambayo ndiyo iliyotunga sheria za koloni, ilipiga marufuku kucheza katika nyumba za wageni na vilabu vya pombe, hasa wakati wa harusi, kwa faini ya shilingi 5. Sheria ilitamka kuwa haijali kama wachezaji wamechanganyika au la. Kipimo chake kilikuwa mahali, na haikugusa kucheza nyumbani. Mwaka huohuo huko London, chini ya utawala wa Wapuritani wenyewe, John Playford alitoa The English Dancing Master, kitabu cha kufundishia dansi kilichochapishwa tena na tena.

Kesi ya mwalimu wa dansi

Mwishoni mwa 1685 mwalimu wa dansi Francis Stepney alitaka kufungua shule Boston. Shajara ya Samuel Sewall inaeleza kuwa makasisi walilalamika mahakamani: dansi zake zilichanganya wanaume na wanawake, tena alikutanisha wanafunzi siku ya mhadhara wa kanisa. Ilidaiwa pia kuwa alijigamba kwamba kwa igizo moja angeweza kufundisha mambo ya Mungu kuliko Kasisi Willard au Agano la Kale. Aliamriwa asiendeshe shule. Hata hivyo, mashtaka yaliyofuata yalikuwa ya kukufuru na kuitukana serikali, na kwa hayo akatozwa pauni 100. Julai 1686 Sewall aliandika kuwa Stepney ametoroka madeni.

Ikumbukwe kuwa hati ya kifalme ya Massachusetts ilikuwa imefutwa mwaka 1684, na koloni lilikuwa likingoja gavana kutoka kwa mfalme. Mwalimu wa dansi alionekana kuwa dalili ya utawala uliokuwa njiani. Utawala huo ulipofika, shajara ya Mei 1687 inataja mlingoti wa Mei uliokatwa Charlestown na nafasi yake kuchukuliwa na mwingine mkubwa zaidi. Hapa ukali wa makasisi ulikuwa sauti ya watu waliokuwa wakipoteza mamlaka.

Pale ngoma ilipokatazwa

Katika South Carolina katazo lilikuwa na sura nyingine. Jumapili tarehe 9 Septemba 1739 watumwa Waafrika waliasi karibu na Mto Stono. Taarifa ya wakati huo inasema walisimama katika shamba, wakacheza, wakaimba na kupiga ngoma ili kuwaita wenzao. Sheria ya watumwa ya 1740 ikawakataza kumiliki au kutumia ngoma, pembe na vyombo vingine vya sauti kubwa. Sababu iliyotolewa ilikuwa usalama. Dini haikutajwa kuwa sababu.

Hapo mfasiri hupata somo. Kwa Mather, neno dansi linatosha, kwa kuwa kwetu pia dansi hukumbusha wawiliwawili ukumbini. Kwa sheria ya 1740 tunahitaji neno ngoma, ambalo katika Kiswahili hubeba chombo, uchezaji na mkusanyiko kwa pamoja. Tukitumia neno moja kwa makatazo yote mawili, tunaficha kwamba mchezaji wa Boston aliyekutwa kilabuni alilipa shilingi 5, ilhali mtumwa wa Carolina alinyang'anywa njia ya kuwasiliana na wenzake.

Kubadili jina, kuhifadhi jambo

Waliokatazwa walisoma mipaka hiyo kwa makini. Waafrika waliojiunga na makanisa ya Kibaptisti na Kimethodisti walikuta kucheza kukihesabiwa dhambi. Katika ibada ya mduara ya pwani ya South Carolina na Georgia, iliyoelezwa katika mkusanyo Slave Songs of the United States wa 1867, waumini walizunguka wakiburura nyayo kwa mdundo. Walisisitiza kuwa hawachezi, kwa sababu miguu haikupishana. Ufafanuzi huo uliilinda ibada yao, ingawa Askofu Daniel Payne wa Kanisa la African Methodist Episcopal aliendelea kuukemea mduara.

Vijana weupe wa vijijini nao, katika karne ya 19, waliacha fidla na kuzunguka kwa nyimbo zao wenyewe, wakiita hafla hiyo mchezo badala ya dansi. Hila hiyo haifasiriki kwa urahisi, kwani kwa Kiswahili mtoto hucheza na mwanangoma hucheza. Washeka, waliofika na Ann Lee mwaka 1774, walifanya kucheza kuwa ibada yenyewe, wanaume na wanawake wakiwa katika safu tofauti. Kwa kipimo cha mwenzi, hata Mather angekosa pa kuwashika.

Hitimisho

Mifano hii inaonesha kuwa historia ya katazo la kucheza ni historia ya fasili. Msomaji wa katazo lolote, la kale au la leo, anapaswa kuuliza mambo matatu: neno lililotumika lilifunika nini wakati huo, madhara gani hasa yaliogopwa, na nani alibeba adhabu. Kwa mtunga sera, swali la pili ndilo zito zaidi. Sheria inayotaja jina la jambo bila kutaja madhara yake huwafundisha watu kubadili jina, kisha humwachia mwenye mamlaka uhuru wa kuamua ni nani aguswe. Kwa mtafiti wa Kiswahili, wajibu ni kutoruhusu neno moja la lugha yetu lifute tofauti ambazo wahusika wenyewe walizigombania.