Kamba ya Mwindo: Kuzama katika Zama kwa Masimulizi ya Banyanga

Katika Kiswahili neno zama lina sura mbili. Moja ni ya wakati, kama katika zama za kale. Nyingine ni ya kitenzi kuzama, yaani kwenda chini ya maji. Maneno hayo hayana nasaba, kwani la kwanza ni la asili ya Kiarabu na kufanana kwake na la pili ni bahati tu. Hata hivyo, katika misitu ya Walikale, Kivu ya Kaskazini, upo utendi simulizi ambamo kwenda chini na kwenda katika mambo ya kale ni kazi moja. Huo ni utendi wa Mwindo, na wenye kazi hiyo ni waimbaji waitwao shekarisi.

Msafiri anayetoka Goma, akapita Sake na kupanda milima hadi Rubaya, huwa bado yumo Masisi, katika nchi ya Bahunde. Ni milima ya malisho na mashamba, ambayo utawala wa Wabelgiji ulihamishia maelfu ya watu kutoka Rwanda kati ya mwaka 1937 na 1955. Akiendelea magharibi, ardhi huteremka, msitu hufunga, naye huingia katika nchi ya Banyanga.

Jina shekarisi lina mafunzo yake. Kiambishi she- katika Kinyanga maana yake ni baba wa: Shemwindo ni baba wa Mwindo, kama vile Nyamwindo ni mama yake. Shekarisi basi ni baba wa Karisi, na Karisi ni pepo ambaye humtaka mtu aujue utendi ili apate nguvu na kinga dhidi ya maradhi na mauti. Kwa hiyo mwimbaji si mtu aliyejipa kazi kwa sababu ana sauti nzuri. Ameitwa. Anapoimba hushika usinga, ambao Banyanga huuita conga, kama ule aliozaliwa nao shujaa mwenyewe. Hucheza, huigiza, na mara nyingi hunena kwa nafsi ya Mwindo.

Kisa chenyewe huanza kwa amri. Shemwindo, mtemi wa Tubondo, anawakataza wake zake kuzaa mtoto wa kiume. Mwindo anapozaliwa, tayari anatembea na kusema, baba yake anajaribu kumuua kwa mkuki, kisha kumzika hai. Mwisho anamfungia ndani ya ngoma na kuitupa katika kilindi cha mto. Ngoma inazama, lakini mtoto haangamii. Husafiri majini huku akiimba, akimtafuta shangazi yake Iyangura, mke wa Mukiti, nyoka mkuu wa vilindi. Dada yake Mukiti anapomzibia njia, Mwindo hupenya chini ya mchanga.

Safari ya pili ya chini ndiyo yenye uzito zaidi. Baada ya wajomba zake, popo walio wahunzi, kumfua mwili kwa chuma, Mwindo anaipiga Tubondo. Shemwindo anang'oa mmea wa jamii ya kangaga uitwao kikoka na kutoweka kupitia shina lake hadi kuzimu. Mwanawe anamfuata, lakini kwanza anampa Iyangura ncha moja ya kamba: maadamu kamba inatikisika, yu hai, ikitulia, amekufa. Mzamiaji yeyote wa baharini angelielewa agizo hilo. Huko chini Muisa, mwenyeji wa kuzimu, anampiga Mwindo hadi anaanguka. Kamba inatulia, na shangazi yake huku juu analia kwamba mtoto amekufa.

Mwanahistoria anayetafuta miaka na orodha za watemi hatapata kitu hapa, na ndiyo sababu wengi wameuachia utendi huu wanafasihi. Huo ni uvivu. Mwindo anaporudi na baba yake, hamuui. Baraza linaitwa, Iyangura anamkemea ndugu yake mbele ya watu, Shemwindo anakiri kosa, na nchi inagawanywa baina ya baba na mwana. Hapo yamehifadhiwa mawazo ya Banyanga juu ya mipaka ya mamlaka ya mtemi, heshima ya shangazi, na wajibu wa wajomba. Mambo ambayo hati za kikoloni hazikuyauliza kwa namna hiyo.

Maandishi tuliyo nayo yanatokana na mwaka 1956. Mwaka huo Daniel Biebuyck, mwanaanthropolojia Mbelgiji, alimkuta katika kijiji cha Bese mwimbaji aitwaye Candi Rureke. Kwa siku 12 Rureke aliimba, akasimulia na kucheza, huku maneno yakiandikwa kwa mkono. Biebuyck na Kahombo Mateene, mwanaisimu ambaye ni Mnyanga, waliuchapisha utendi huo mwaka 1969, katika Kinyanga na Kiingereza. Jambo moja alilolisema Rureke mara kwa mara lingestahili kuandikwa juu ya kila nakala: hakuwa amewahi kuusimulia wote kwa siku mfululizo. Kwa desturi huimbwa sehemu moja leo, nyingine siku nyingine, kadiri wasikilizaji wanavyotaka. Kitabu basi ni zao la mbizo moja isiyo ya kawaida, iliyofanywa kwa ajili ya mgeni. Mwaka 1978 Biebuyck alitoa tendi nyingine za Banyanga, nazo hazifanani na ya Rureke.

Ugumu uliopo ni wa ile ncha ya juu ya kamba. Shekarisi huhitaji kijiji kilichotulia, wapiga vijiti, waitikiaji na chakula cha jioni. Machi 1993 mauaji yalianza Ntoto, Walikale, yakaenea Masisi. Tangu hapo vita vimefuatana, na Rubaya yenyewe, kwa ajili ya koltani ya mashimo yake, ilitekwa na M23 mwaka 2024. Watu waliokimbilia kambi za karibu na Goma walitoka vijiji mbalimbali, wengi wakizungumza Kiswahili kati yao. Mwimbaji aliyekimbia pamoja nao hubeba utendi kichwani, lakini wale waliojua waitikie nini, na wapi, wametawanyika.